Matanga Yasiyoanuliwa: Ajali ya Nyuklia Inapobaki Moyoni

Jumapili ya tarehe 27 Aprili 1986, redio ya mji wa Pripyat, Ukraine, wakati huo sehemu ya Muungano wa Kisovieti, ilitoa tangazo. Wakazi wahame kwa muda. Wachukue vitambulisho, vitu vya lazima na chakula kidogo. Na kabla ya kutoka wasisahau kuzima jiko la gesi na vyombo vya umeme, kufunga mabomba ya maji na kufunga madirisha.

Kinu namba 4 cha kituo cha nyuklia cha Chernobyl, jirani kabisa na mji huo, kilikuwa kimelipuka saa 7:23 usiku wa kuamkia Jumamosi. Maana yake ni kwamba watu walikuwa wameamka, watoto wamekwenda shule na kurudi, wamelala tena na kuamka tena, siku moja na nusu, bila kuambiwa la maana. Saa 8 mchana mabasi yakaanza kuwapakia. Watu wapatao 49,000 wakaondoka ndani ya saa chache.

Fikiria lile bomba la maji. Nyumba unayoihama moja kwa moja huna haja ya kuifungia bomba. Unafunga kwa sababu utarudi, na hutaki ukute sakafu imefurika. Pripyat haikurudi kuwa mji wa watu kuishi. Ila hakuna aliyewaambia hivyo siku ile, na hata baadaye hakuna siku moja ambayo mtu alisimama akasema: sasa basi, mji wenu umekufa, lieni. Habari iliwafikia vipande vipande, kwa miezi.

Msiba wa kawaida una mwisho wake. Watu hukaa pamoja, hulia, siku zikitimia wakaanua matanga na kila mmoja akarudi kwenye shughuli zake. Marehemu hajafufuka, lakini jambo limefungwa. Msiba wa nyuklia ni matanga yasiyoanuliwa. Nyumba ipo imesimama, hata mapazia yapo, na huwezi kuingia. Mwili ni mzima, na hujui kama utaendelea kuwa mzima. Mtaalamu wa familia wa Marekani, Pauline Boss, ambaye tangu miaka ya 1970 amechunguza huzuni za namna hii, anaiita hasara isiyo bayana: kitu kimepotea na hakijapotea, kwa hiyo moyo haujui uanzie wapi kuomboleza. Baada ya mwaka 2011 wataalamu wa Japani waliichukua fikra hiyo kwa watu wa Fukushima, mkoa uliopata ajali ya nyuklia mwaka huo, na inawafaa kweli.

Hapa ndipo wengi wetu tunapokosea. Tunadhani jeraha la moyo ni kivuli cha mionzi: aliyepata mionzi mingi ataumia sana, aliyepata kidogo ataumia kidogo. Ushahidi wa karibu miaka 50 hauonyeshi hivyo. Jeraha hilo linafuata zaidi jinsi mtu alivyoambiwa, jinsi alivyohamishwa, na jinsi alivyopokelewa alikofika.

Tuanze na hesabu za mwili, ili tusionekane tunadharau hatari yenyewe. Chernobyl iliua. Wafanyakazi wa kituo na wazimamoto 134 waliugua ugonjwa mkali wa mionzi, na 28 kati yao walifariki mwaka ule ule wa 1986. Watoto waliokunywa maziwa yenye ayodini ya mionzi walipata saratani ya tezi ya shingo kwa maelfu miaka iliyofuata, ingawa wengi walitibiwa wakapona. Hayo hayana ubishi. Lakini mwaka 2005, mashirika ya Umoja wa Mataifa na serikali za Ukraine, Belarusi na Urusi walipokaa kutathmini miaka 20 ya madhara, walisema kwamba athari kwa afya ya akili ndilo tatizo kubwa kuliko yote ya afya ya jamii yaliyoletwa na ajali ile. Sonona, wasiwasi usiokwisha, maumivu ya mwili ambayo vipimo havikupata chanzo chake, na lile la kukata tamaa kabisa: mtu anajiona ameshahukumiwa, kwa hiyo haoni sababu ya kuacha pombe wala kwenda kliniki.

Kisa cha Estonia kinaonyesha jambo hili waziwazi. Wanaume wapatao 4,800 wa huko walipelekwa Chernobyl kusafisha, sehemu ya jeshi la wasafishaji wapatao 600,000 lililokusanywa kutoka kote katika Muungano wa Kisovieti. Watafiti waliwafuatilia kwa miaka mingi wakitafuta saratani. Kilichojitokeza mapema na kwa uwazi zaidi ni ongezeko la vifo vya kujiua.

Pale Three Mile Island, kituo cha nyuklia cha Pennsylvania, Marekani, kilichopata ajali tarehe 28 Machi 1979, mionzi iliyotoka ilikuwa kidogo sana. Hata hivyo zaidi ya watu 100,000 walikimbia, na zaidi ya mwaka mmoja baadaye waliokuwa wakiishi karibu na kituo bado walikuwa na homoni za msongo mkojoni kwa kiwango cha juu kuliko watu wa mbali. Kipimo cha mionzi kilisema hakuna kitu. Mkojo wao ulisema kipo.

Kwa nini iwe hivyo? Aliyeumwa na nyoka akiona unyasi hushtuka, tunasema, na maelezo hayo yanamtosha mtu wa mafuriko au wa tetemeko. Yeye alimwona nyoka wake. Mtu wa nyuklia hakumwona. Mionzi haina harufu, haina rangi, haiwashi ngozi kwa kiwango walichopata wananchi wengi. Hajui kama aliumwa. Na kama aliumwa, sumu inaweza kukaa miaka 20 ndiyo ijitokeze, au isijitokeze kamwe. Tsunami hupita ukahesabu hasara. Hii unaambiwa uisubiri, na kila mafua ya mtoto yanakuwa swali.

Ndiyo maana wanaoumia zaidi, katika karibu kila utafiti, ni akina mama wenye watoto wadogo. Chukua mama mmoja wa kawaida katika mji wa Fukushima mwaka 2011, mbali na eneo la kuhamishwa. Asubuhi anaamua: nguo azianike nje au ndani? Dirisha lifunguliwe, na joto hili? Mtoto anataka kucheza mchangani; amruhusu dakika ngapi? Maziwa ya shule anywe au abebe chupa ya maji kutoka nyumbani, aonekane tofauti na wenzake? Mama mkwe ameleta mboga za bustanini kwake kwa upendo. Azipike au azitupe kimya kimya? Kila jambo ni dogo. Lakini ni maamuzi kumi na tano kabla ya saa sita mchana, kila siku, na hakuna hata moja ambalo ataambiwa baadaye kama alipatia. Mume akiona anazidisha, ugomvi. Familia nyingi ziligawanyika, mama na watoto wakahamia mkoa mwingine na baba akabaki kazini. Kijapani kikapata neno lake, *genpatsu rikon*, talaka ya nyuklia.

Utafiti uliofanywa Kyiv, mji mkuu wa Ukraine, kwa watoto waliohamishwa kutoka eneo la Chernobyl unaonyesha jinsi hofu hiyo inavyokaa. Miaka mingi baada ya ajali, mama zao walisema watoto wana matatizo ya kumbukumbu, zaidi ya walivyosema mama wengine. Watoto walipopimwa, kumbukumbu zao hazikutofautiana na za wenzao wa darasani. Usimcheke mama huyo. Alihamishwa akiwa mjamzito au ananyonyesha, daktari mmoja akamwambia usijali, mwingine akamwambia utoe mimba, na tangu siku hiyo amemtazama mwanawe kama mtu anayetazama chungu chenye ufa.

Neno lenyewe la kumcheka lilishabuniwa: radiofobia, yaani woga wa mionzi. Wakuu wa Kisovieti walilipenda. Ukilalamika kichwa kinauma, unaambiwa una radiofobia. Neno hilo ni nusu kweli, na nusu kweli huuma kuliko uongo. Ndiyo, hofu ilizidi mionzi. Lakini hofu hiyo haikuota yenyewe kichwani mwa mwananchi mjinga. Iliotesha mizizi kwenye uongo alioambiwa. Tarehe 1 Mei 1986, siku tano baada ya mlipuko, watu wa Kyiv walitolewa barabarani na watoto wao kwa gwaride la Mei Mosi kana kwamba hakuna lililotokea. Ukishafanyiwa hivyo na serikali, siku serikali hiyo hiyo ikija kukwambia uko salama, utaisikiaje?

Japani ilikuwa na vyombo vya habari huru na vipimo vya kisasa, lakini jambo kama hilo likajirudia. Tetemeko lilipiga saa 8:46 mchana wa tarehe 11 Machi 2011, tsunami ikafuata, umeme wa kupoza vinu vya Fukushima Daiichi ukakatika, na vinu vitatu vikayeyuka kwa ndani. Watu wa mji wa Namie walikimbia pwani wakapanda milimani hadi kitongoji kiitwacho Tsushima, wakadhani wako mbali na hatari. Upepo ulikuwa ukielekea huko huko. Kwa siku tatu nne watoto walicheza nje, na kuna waliopika wali kwa maji ya kijito. Serikali ilikuwa na mfumo wa kompyuta wa kukadiria wingu la mionzi linaelekea wapi. Matokeo yake hayakutangazwa hadharani mpaka tarehe 23 Machi. Kwa wazazi wa Namie, ukubwa wa dozi ni nusu tu ya habari. Nusu nyingine ni kwamba kuna mtu aliyekuwa na ramani, na hakuitoa.

Mwezi uliofuata serikali ikasema shule zinaweza kutumia viwanja vyao mradi mionzi isizidi kiwango cha milisiveti 20 kwa mwaka. Kabla ya ajali kikomo kwa mwananchi wa kawaida kilikuwa 1. Profesa Toshiso Kosako, mshauri wa waziri mkuu kwa mambo ya mionzi, alijiuzulu, akalia mbele ya kamera. Mzazi aliyekuwa akitazama televisheni jioni ile hakuhitaji kujua milisiveti ni nini.

Utafiti wa afya wa mkoa, unaoendeshwa na Chuo Kikuu cha Tiba cha Fukushima, uliwauliza watu wazima wa maeneo yaliyohamishwa hali ya mioyo yao mwaka ule wa kwanza. Asilimia 14.6 walikuwa na dhiki kubwa ya akili, wakati kwa Wajapani wa kawaida ni kama asilimia 3. Idadi hiyo imeshuka miaka iliyofuata, na ni vizuri kulisema hilo, maana watu hupona. Lakini ilibaki juu ya kawaida kwa muda mrefu. Wakati huo huo kamati ya kisayansi ya Umoja wa Mataifa inayochunguza mionzi ilisema katika ripoti yake iliyotoka 2021 kwamba hakuna madhara ya kiafya kwa wakazi wa Fukushima yaliyothibitika kuletwa moja kwa moja na mionzi ya ajali. Watu wengine wanazisoma taarifa hizi mbili kana kwamba moja inaifuta nyingine. Haziko hivyo. Zote mbili ni za kweli kwa mtu yule yule.

Tena kuna waliouawa na kule kuokolewa kwenyewe. Zaidi ya watu 160,000 waliondoka makwao Fukushima, wengine kwa amri, wengine kwa hiari. Wagonjwa wazee walitolewa vitandani, wakapakiwa kwenye mabasi kwa saa nyingi bila wauguzi wa kutosha, na makumi yao walifia njiani au muda mfupi baadaye. Katika nyumba za wazee zilizochunguzwa Minamisoma, vifo baada ya kuhama vilipanda hadi mara 2.7 ya ilivyokuwa awali. Mkoani humo vifo vilivyotambuliwa rasmi kuwa vilitokana na matokeo ya janga, kama kuhama, uchovu na kujiua, vimepita 2,300. Ni vingi kuliko vya watu waliouawa hapo hapo na tetemeko na tsunami. Fikiria mtoto wa mzee wa namna hiyo. Amlaumu nani? Aliyemhamisha mama yake alikuwa akimwokoa.

Suala la fedha hugusiwa kwa haya, na mimi naona ni hapa majirani walipovunjikia. Mduara wa kilometa 20 ulichorwa kwenye ramani kuzunguka kituo. Aliyekuwa ndani ya maeneo yaliyoamriwa kuhama alilipwa na kampuni ya umeme yeni 100,000 kwa mwezi kwa ajili ya mateso ya moyo, kila mtu. Wengi wa nje ya mstari waliambulia malipo madogo ya mara moja. Mionzi haikuujua mduara huo: kijiji cha Iitate, sehemu kubwa yake zaidi ya kilometa 30 kutoka kituoni, kilipata mionzi mingi kuliko baadhi ya maeneo ya ndani, na kiliamriwa kuhama mwezi Aprili tu, baada ya watu kukaa humo wiki nyingi, wengine wakiwa wamewapokea wakimbizi. Waliohamia mji wa Iwaki walikuta majirani waliopoteza nyumba kwa tsunami na kulipwa kidogo. Magari mapya ya wahamiaji yakahesabiwa. Maneno ya kuwafukuza yakaandikwa kwenye kuta. Mtu anapokea fedha ya kufarijiwa, kisha inamfanya aone haya kwenda dukani.

Na hapo ndipo unyanyapaa unapoingia. Watoto wa Fukushima waliohamia mikoa mingine walinyanyaswa shuleni, wengine wakiitwa vijidudu, na visa hivyo vilitikisa Japani vilipotangazwa mwaka 2016. Wafanyakazi wa kituo waliobaki kupambana na vinu walitukanwa mitaani kwa sababu ya sare ya mwajiri wao, na watafiti waliona kuwa kutukanwa huko kulihusiana na kuumia kwao kiakili. Walionusurika mabomu ya Hiroshima na Nagasaki mwaka 1945, ambao Wajapani huwaita *hibakusha*, wangewaambia yote hayo mapema. Wengi wao walificha historia yao ili wapate kuoa au kuolewa, kwa kuwa familia ziliogopa wajukuu wenye kasoro. Watoto wao wamechunguzwa kwa miongo, na madhara ya kurithi hayajaonekana. Hofu ya mkwe haikusubiri matokeo hayo.

Goiânia, Brazili, ni mfano mfupi wa ukatili huu. Septemba 1987 waokota vyuma chakavu waliipasua mashine ya tiba iliyoachwa katika kliniki tupu, ikatoka unga wa sesiamu-137 unaong'aa buluu gizani. Watu wanne walikufa, mmoja wao mtoto wa kike wa miaka sita. Alizikwa katika jeneza lenye madini ya risasi ndani yake ya kuzuia mionzi, na watu wa mji walilipiga mawe msafara wake wakitaka asizikwe pale. Zaidi ya watu 112,000 walipimwa; waliokutwa na uchafu wa mionzi walikuwa 249.

Je, kuna kinachosaidia? Kuambiwa "usiogope" hakusaidii. Nadhani tumeshaona kwa nini. Katika baadhi ya vijiji vya Fukushima wakazi walipewa vipima mionzi vyao wenyewe, wakapima ua, mboga, hata mfuko wa shule wa mtoto, wakakaa na wataalamu waliokuja kuwasikiliza miaka nenda miaka rudi. Wengi waliona namba ni ndogo kuliko walivyodhani. Wengine waliona ni kubwa, wakaacha kula uyoga wa mlima ule. Kilichowapa nafuu ni kwamba uamuzi ulirudi mikononi mwao, namba ikawa yao na si ya mtu wa televisheni. Mkoa nao kuanzia mwaka 2012 ulipima kila gunia la mchele lililovunwa, mamilioni kwa mwaka. Kisayansi ilikuwa zaidi ya mahitaji, na mkulima aliyesimama kando ya mashine akisubiri taa ya kijani alikuwa anapima zaidi ya mchele.

Lakini hata msaada una makali yake. Mkoa uliamua kupima kwa mashine ya mawimbi ya sauti (ultrasaundi) tezi za shingo za wote waliokuwa na umri wa miaka 18 kushuka chini siku ya ajali, na zaidi ya watoto 300,000 wakapimwa katika awamu ya kwanza. Saratani zilizogunduliwa zimepita 200. Wataalamu wengi wanaeleza kuwa ukipima shingo za watu wenye afya kwa mashine kali kiasi hicho, utakuta vivimbe ambavyo vingelala humo maisha yote bila kumdhuru mtu. Wazazi wengine hawakubali maelezo hayo, na kwa historia ile ya ramani iliyofichwa siwashangai. Kijana mwenye kovu shingoni yuko katikati ya pande hizo mbili: hajui kama aliokolewa, au alipasuliwa bure, au ni mionzi kweli.

Upimaji unaendelea. Ni kila baada ya miaka miwili hadi mtu afikishe 20, kisha kila baada ya miaka mitano. Orodha inajumuisha hata waliokuwa tumboni mwa mama zao Machi 2011. Mmoja wa hao, aliyezaliwa mwezi Oktoba mwaka ule, hana kumbukumbu ya tetemeko wala ya basi, na huenda hajawahi kuiona nyumba ambayo wazazi wake waliifunga mlango. Kwa ratiba ilivyo sasa, barua yake ya miaka 25 itafika mwaka 2036.